Siku ya Mapumziko Pambani

Nchi yenyewe ilikuwa na jina, tena jina zuri, ila kila rais aliyeingia madarakani aliingia na jina lake jipya, kama mtu ahamiavyo nyumba na kitanda chake, na raia wakachoka kujifunza. Ikabaki kuitwa Huku. Ukimuuliza mwenyeji anatoka wapi, atakwambia, "Huku," na kukuonyesha chini kwa kidole, asije akakosea.

Katika nchi hiyo ulikuwapo mji wa Pambani, na Pambani palikuwa na kiwanda cha nguo, na mbele ya kiwanda, ng'ambo ya ua mpana wa mawe, palikuwa na kasri. Kasri lilijengwa na Mwinyi wa kwanza, mwenye mashamba yote ya pamba ambayo jicho lingeweza kuyaona; na macho yenyewe, wazee husema, yalikuwa yake pia. Alitaka baraza yake ielekee kiwandani, ili anywe kahawa huku akisikiliza mitambo ikimfanyia kazi. Ukaja uhuru. Kasri likachukuliwa kwa niaba ya wananchi, na kwa niaba ya wananchi akahamia humo Meneja Mkuu, akaiona baraza iko mahali pazuri, hakuigeuza. Baadaye kiwanda kikachukuliwa kutoka kwa wananchi, kwa niaba ya wananchi haohao, akapewa mwekezaji, naye akaifungua mitambo akaiuza chuma chakavu. Wakabaki popo.

Hatimaye Wizara ya Kumbukumbu Njema ikagundua kwamba kitu kilichokufa kina faida kuliko kilicho hai, ilimradi kizungushiwe kamba na mlangoni akae mkata tiketi. Ndipo ikatangazwa kwamba kiwanda na kasri vitakuwa makumbusho.

Bi Somoe alilisikia tangazo hilo akiwa anachambua mchele. Aliendelea kuchambua.

Alikuwa mjane, mtu mzima wa makamo ya mwisho, aliyekuwa akisokota uzi kiwandani tangu usichana wake hadi mlango ulipofungwa. Mumewe, Hemedi, alikuwa fundi wa mitambo. Habari ya Hemedi ni fupi. Madirisha ya kiwanda yalikuwa yamepigiliwa misumari, kwa sababu Meneja Mkuu alisema upepo unapeperusha pamba, na pamba ni mali ya umma. Vumbi likawa halina pa kutokea ila vifuani mwa watu. Walikohoa miaka na miaka. Siku moja wakazima mitambo, wakatoka, wakaketi uani chini ya baraza ya kasri ili Meneja Mkuu awasikie wanavyokohoa, labda atafungua dirisha moja. Hawakubeba kitu mkononi. Meneja aliwasikiliza muda, kisha akapiga simu. Wakaja askari na malori. Malori yalipoondoka, ua ulikuwa umeshamwagiwa maji, na Hemedi na wenzake walikuwa wamepakiwa, wakapelekwa mahali ambapo hadi leo hakuna aliyepaonyeshwa.

Bi Somoe wakati huo alikuwa na mimba. Hakulia. Watu walingoja alie, wakakaa naye, wakaandaa hata maneno ya kumtuliza, lakini hakulia, nao wakaondoka na maneno yao. Kitu ndani yake kilikuwa kimenyamaza kama mtambo uliokatiwa umeme: haukuvunjika, ila hausogei. Alijifungua, akampa mtoto jina la Sikudhani, akarudi kiwandani, akasokota.

Na serikali? Serikali haikukaa kimya. Ilieleza. Katika vitabu vya shule tukio hilo likaitwa Siku ya Mapumziko: wafanyakazi wa Pambani, wakiwa wameridhika mno na kazi, walitoka nje wakajilaza uani kupumzika. Maelezo yalikuwa mazuri, yenye kueleweka, na aliyeshindwa kuyaelewa alisaidiwa. Huku hakuna mtu anayefungwa kwa maneno. Hupelekwa semina. Semina ni ndefu, na wapo waliokwenda wakiwa vijana ambao inasemekana bado wanajifunza.

*

Sikudhani alikuwa msichana mwenye sauti nzuri na cheti kizuri, na vyote viwili vilikuwa vimekaa nyumbani muda mrefu. Makumbusho yalipotafuta waongozaji wa wageni, aliomba, akapata. Pambani nzima ilikuja kumpongeza. Hapakuwa na kazi nyingine mjini isipokuwa kuuza maandazi kwa wauza maandazi.

Akapewa maelezo ya kukariri. Jioni akawa anatembea kutoka mlangoni hadi jikoni akisema kwa sauti, na mama yake akisonga ugali.

"Karibuni katika kasri la kihistoria la Wamwinyi wa Pambani, ambapo maendeleo yalilala, yakaamka, yakaoga, yakala kifungua kinywa. Hapa ni chumba cha viatu. Mwinyi alikuwa mtu mnyenyekevu, aliyevaa kiatu kimoja kimoja…"

Alikwenda hivyo mpaka alipofika uani. Hapo alirukia ukumbi wa nguo.

"Umeruka," mama yake akasema, bila kugeuka.

"Mama?"

"Baada ya bustani unakuja ua. Umeruka ua."

Sikudhani akasimama. Mwiko uliendelea kuzunguka chunguni.

"Siwezi kulisema hilo mbele yako, mama."

"Mimi ninasonga ugali. Sema."

Akalisema. Alilisema harakaharaka, macho ukutani: wafanyakazi, wakiwa wameridhika, walijilaza. Bi Somoe akapakua ugali, akamwambia anawe mikono. Walikula. Msichana alimtazama mama yake mara kwa mara kutafuta chochote usoni, ghadhabu au hata machozi, akaona mtu anatafuna.

"Haikuumi?" akauliza mwishowe.

Bi Somoe akafikiri kwa uaminifu, kama mtu aliyeulizwa kama mlango umefungwa. "Sijui," akasema. "Kula, kitapoa."

*

Siku ya ufunguzi mjumbe wa mtaa alipita kota za zamani za kiwanda akiwaita waliokuwa wafanyakazi. Wizara ilihitaji wazee wa kukaa chini ya turubai na kutikisa vichwa.

"Bi Somoe, umealikwa," alisema. "Nawe unajua, mwalikwa wa serikali asipokwenda, hufuatwa."

"Nitakuja."

"Uvae kitu cha furaha."

Akavaa kanga yake ya kawaida. Pale getini walimpa nyingine ya kuvaa juu yake, yenye maandishi PAMBANI TULIPUMZIKA. Ilikuwa imefumwa nchi nyingine, ng'ambo ya bahari.

Mheshimiwa Dakta Mavungo Shangwe, Waziri wa Kumbukumbu Njema, alifika na bendi ya shaba, wafadhili wa kigeni waliopauka kwa joto, na Katibu wake, mtu mwembamba ambaye kazi yake ilikuwa kucheka sekunde moja baada ya Waziri. Waziri alihutubia.

"Ndugu wananchi! Taifa lisilo na historia ni kama suruali isiyo na mkanda. Lakini taifa lenye historia mbaya, hilo halina hata suruali! Ndiyo maana Wizara yangu, kwa usiku na mchana, inaisafisha historia yenu, inaifua, inaipiga pasi, na leo tunawarudishia ikiwa imekunjwa vizuri. Wako watu wanasema, 'Mheshimiwa, mbona imepungua?' Ndugu zangu, nguo gani nzuri isiyorudi ikifuliwa?"

Katibu akacheka. Turubai likatikisa vichwa.

Kisha wakazungushwa. Sikudhani akatangulia, amevaa sare ya kijani, sauti yake ikipanda na kushuka pale ilipotakiwa. Waliona kitanda cha Mwinyi, kilichokuwa na ngazi. Waliona sinia la shaba la Mwinyi na meno ya Mwinyi. Waliona, ndani ya sanduku la kioo, simu nyeusi ya Meneja Mkuu, yenye kibao: SIMU AMBAYO KWAYO MAENDELEO YALIAGIZWA. Bi Somoe aliitazama simu ile. Hakuwahi kuiona kabla. Ilikuwa ndogo. Mzee mmoja nyuma yake akaanza kukohoa, askari akamwomba akakoholee nje.

Kiwandani mitambo haikuwepo, lakini Wizara haikushindwa. Mitambo ilikuwa imechorwa kwenye vitambaa na kutundikwa, na vipaza sauti vikatoa mlio wake, uliopunguzwa ili mtu aweze kuzungumza. Kati ya vitambaa walikuwa wamesimamishwa wafanyakazi wa plasta, wanene, meno nje. Wote walikuwa na shavu moja na tabasamu moja, kwa kuwa mkandarasi alikuwa na kalibu moja. Na madirisha, upande huu na upande ule, yalikuwa yamefunguliwa yote. Misumari imeng'olewa, mbao zimepakwa rangi, upepo unaingia na kutoka bila kuulizwa.

"Hewa safi sana," mfadhili mmoja akasema.

"Ni kwa ajili ya wageni," Katibu akaeleza. "Wasije wakapata shida ya kifua."

Bi Somoe akasimama mbele ya dirisha. Upepo ukampiga usoni. Alijua kwamba hapa palikuwa na jambo la kuhisi. Alilingojea kidogo, kama mtu angojeaye kupiga chafya, halikuja, akawafuata wenzake.

*

Wakafika uani.

Ukuta wa kasri, chini ya baraza, ulikuwa na matundu. Wakati wa ukarabati mafundi walitaka kuyaziba, ila saruji ilikuwa imekwisha, maana sehemu yake kubwa ilikuwa imejenga nyumba ya Katibu. Basi ikawekwa kibao: MATUNDU YA KUPITISHIA HEWA. UFUNDI WA ZAMANI. Wafadhili wakapiga picha.

Sikudhani akasimama mbele ya matundu hayo, mikono mbele, kama alivyofundishwa.

"Hapa ndipo… Waheshimiwa, hapa ndipo mahali pa Siku ya Mapumziko. Siku hiyo wafanyakazi…"

Akanyamaza.

"Wafanyakazi," akarudia. "Siku hiyo wafanyakazi wa Pambani…"

"Endelea, binti," Waziri akasema kwa upole. "Wafanyakazi walifanyaje?"

Katibu akaacha kutabasamu. Askari wawili waliokuwa wamekaa kivulini wakasimama. Na Bi Somoe, aliyekuwa nyuma kabisa kati ya wazee, akauona mshipa wa shingo ya mwanawe umetutumka. Alimjua mtoto huyu. Sentensi ile alikuwa ameikariri, haikumpotea. Iliyokuwa kooni mwake ni nyingine. Alikuwa anaitafutia njia, na akiipata ataisema yote, jina la baba yake na malori na maji, mbele ya bendi na wageni, na kesho asubuhi atakuwa njiani kwenda semina.

Miguu ya Bi Somoe ikatoka kabla hajaiamuru. Alipita kati ya wafadhili, akampita Katibu, akasimama ubavuni mwa mwanawe.

"Walijilaza, Mheshimiwa," akasema.

Waziri akamgeukia. "Mama ni nani?"

"Somoe. Nilikuwa nasokota humu. Siku hiyo nilikuwepo."

"Ulikuwepo!" Waziri akawatazama wafadhili, uso umemng'aa. "Shahidi! Shahidi hai! Katibu, kwa nini hukuniambia tuna shahidi hai?"

"Tulidhani hawapo, Mheshimiwa," Katibu akasema.

"Sema, mama. Usiogope. Wewe mwenyewe uliwaona wamejilaza?"

"Kwa macho yangu."

"Hapahapa?"

"Kuanzia pale mlangoni hadi hapa uliposimama."

Waziri akatazama miguu yake, akasogea kidogo, hakujua kwa nini. "Na walikuwa wametulia?"

"Wametulia kabisa."

"Hakuna aliyelalamika?"

"Hakuna, Mheshimiwa. Hata kukohoa kulikoma."

"Mnasikia!" Waziri akapiga makofi, Katibu akapiga, turubai likapiga. Sikudhani alikuwa amemshika mama yake mkono, anaubana hadi mifupa inagongana, na Bi Somoe alijua anabanwa kwa sababu aliona vidole.

Waziri alikuwa mtu wa kunogewa. Hadithi tamu ikimwangukia, huiramba hadi sahani. "Eh, hebu tumalizie, mama, wageni wapate picha kamili," akasema. "Walipumzika, sawa. Wakaamka saa ngapi?"

Wazee wakaacha kutikisa vichwa. Kutoka kiwandani mlio wa mitambo isiyokuwepo uliendelea, polepole.

Swali lilikuwa jepesi, na Bi Somoe alikuwa mtu wa kujibu alichoulizwa.

"Bado," akasema.

"Bado nini, mama?"

"Hawajaamka."

*

Watu waliokuwepo husema Katibu aligeuka rangi ya jivu, na kwamba askari mmoja aliondoa mkono kwenye bunduki badala ya kuuweka. Waziri yeye alibaki kinywa wazi. Na hapa inafaa tumwonee huruma, maana kazi ya uwaziri si rahisi kama inavyoonekana kwenye magari. Akimkaripia bibi huyu, atakuwa amekasirishwa na mapumziko, na mapumziko yako vitabuni kwa saini ya rais. Akisema wameamka, mfadhili atauliza wako wapi. Akisema hawakulala, basi walifanyaje? Kila mlango alioujaribu kichwani mwake, Wizara yake mwenyewe ilikuwa imeupigilia misumari.

Mfadhili mmoja akamwinamia mkalimani. Mkalimani akawa anatafuta neno.

Ndipo ule ukubwa uliompa Dakta Shangwe uwaziri katika serikali tatu zinazochukiana ukajitokeza. Alivuta pumzi, akainua kidole.

"Mmeona!" akasema, lakini kwa sauti ya chini, ya kunong'ona, na umati mzima ukasogea ili umsikie. "Mmeona, ndugu wageni! Katika nchi nyingine mfanyakazi akipumzika kidogo, anaamshwa. Anasumbuliwa. Anapigiwa king'ora. Lakini Huku, mtu akipumzika, pumziko lake linalindwa na dola! Hakuna wa kumgusa!" Akapangusa jasho. "Kuanzia leo naagiza. Ua huu ni wa utulivu. Hakuna kelele. Hakuna bendi. Na viatu… viatu vivuliwe. Nani anataka kuwaamsha wazalendo wetu?"

Hakuna aliyetaka.

Waziri akainama, akafungua kamba za viatu vyake mwenyewe, maana amri ni amri. Soksi zake zilikuwa na picha ya rais aliyepita. Akazivua nazo haraka. Katibu akavua. Wafadhili wakavua, wakionyesha miguu myekundu. Wapiga tarumbeta wakakumbatia tarumbeta zao zisigongane. Na msafara wote wa serikali, Waziri mbele, viatu mkononi, ukavuka ua wa Pambani kwa ncha za vidole, kimya, ukipinda hapa na pale kama watu wapitao katikati ya waliolala kweli. Wazee wa kiwanda wakafuata. Mmoja alikuwa anatetemeka mabega. Hakuna aliyeweza kumwuliza, kwa kuwa kuzungumza kulikuwa kumepigwa marufuku.

"Mama," Sikudhani akanong'ona.

"Vua viatu, mwanangu."

*

Sikudhani hakufukuzwa. Bi Somoe alipewa cheti cha Shahidi Rasmi wa Mapumziko, akafunikia mtungi. Uani kukawekwa kibao kikubwa: TAFADHALI NYAMAZA, WAMELALA. Na kwa sababu kibao kilikuwa cha serikali, hakuna aliyeweza kumzuia mtu kukitii.

Watu wakaanza kuja. Kwanza wajane wa kota, kisha ndugu zao wa vijijini, kisha watu wa miji mingine ambao Pambani hawakuwa na mtu, ila walikuwa na ua wao mahali pengine usio na kibao. Walikata tiketi, wakapita kitanda chenye ngazi na meno ya Mwinyi bila kugeuza shingo, wakafika uani, wakavua viatu. Walisimama. Wengine waliketi. Sheria ilisema wanyamaze, wakanyamaza, kutwa nzima. Wizara ikaandika kwamba idadi ya wageni imeongezeka na kwamba wananchi wanaipenda historia yao ilivyo sasa.

Bi Somoe alikuwa haendi. Mwanawe alipomwuliza, alisema ana kazi. Mwisho asubuhi moja, baada ya kufua, alijikuta getini. Akaingia, akavua makubazi, akaenda kusimama karibu na nguzo ya mwisho ya baraza.

Askari wa zamu alikuwa jitu la mtu, shingo kama gunia. Kwa kuwa kanuni za jeshi zilimkataza kuvua buti na kanuni za makumbusho zilimkataza kuvaa, alikuwa amezifunga matambara, na akitembea alisikika kama mtu anayefagia. Alifagia hadi alipokuwa Bi Somoe. Akatazama kushoto, akatazama kulia, akainama hadi sikioni pake.

"Wako ni yupi, mama?" akanong'ona.

Bi Somoe alimtazama. Hakuna mtu aliyewahi kumwuliza.

Akanyoosha mkono. Akamwonyesha, chini ya nguzo ile, jiwe pana lenye ufa, lililotofautiana na mengine kwa ufa tu.

Yule askari akatikisa kichwa. Akarudi kwenye zamu yake, toka mlangoni hadi ukutani, toka ukutani hadi mlangoni. Na kila alipolifikia jiwe lile alipunguza mwendo, akalizunguka.

Bi Somoe akaketi chini kando ya jiwe. Mawe yalikuwa ya baridi. Yalikuwa ya baridi sana, hadi mifupani, akashangaa kwamba yanauma.